Elsa mwamjua, aliemwandika je?

Bwana Mhariri,

Salaam aleikum na pole na kazi. Barua hii ni ndefu, najua, na najua mwazikata barua ndo zienee kwenye ukurasa, basi kata popote utakapo lakini tafadhali usinikatie majina, manake barua yenyewe yahusu majina.

Jumamosi iliopita mlitoa ukurasa mzima wa sinema za zamani zilizopigwa hapa Kenya na mkaieleza Born Free ya 1966, ile ya simba jike Elsa. Mie niliisoma barazani kwa ami yangu hapa Kibokoni, buli la kahawa liko hapa, kashata iko hapa, namsomea kwa sauti kwa sababu macho yake siku hizi hayataki tena herufi ndogo. Mkamtaja Virginia McKenna na Bill Travers, mkasema ni mke na mume kweli si wa sinema tu. Mkamtaja James Hill alieielekeza, mkamtaja John Barry aliechukua Oscar mbili kwa muziki, moja akigawana na Don Black kwa ule wimbo. Joy Adamson aliemlea Elsa, na kitabu chake cha 1960, mmemtaja, George mumewe mmemtaja, hata wale simba walioigiza kama Elsa mmewapa mistari yao, manake Elsa mwenyewe alikuwa ashakufa tangu 1961. Alafu makala ikaisha. Ami akauliza, "Na alieandika sinema?" Nikamwambia hawakusema. Akasema, "Kumbe simba walikuwa wakisema wenyewe," akacheka mpaka kahawa ikamwagika kwenye kikoi.

Sasa mie siwalaumu sana, kwa sababu hata mngetaka kumtaja mngechapa jina la uongo. Tazama ile filamu majina yakianza kupita, utaona skripti imepewa mtu aitwae Gerald L.C. Copley. Huyo Copley mtafute utakavyo, hana mama hana baba, hana alipozaliwa hana alipozikwa. Sisi Wakenya tuna neno letu la mtu kama huyu, twamwita hewa. Si mwawajua wafanyakazi hewa, jina liko kwenye daftari la mshahara kila mwisho wa mwezi lakini mtu mwenyewe hakuna aliewahi kumuona akinywa chai ofisini? Basi Copley ni mwandishi hewa. Ila hii hewa ilikuwa kinyume kidogo, kazi ilifanywa kweli na mtu wa kweli, jina lake ndo lililokuwa limepigwa marufuku. Aliitwa Lester Cole. Itazame tena hio L.C. hapo katikati ya jina. Mie nilivoiona mara ya kwanza niliguna peke yangu jikoni.

Cole alizaliwa New York mwaka 1904, babake fundi wa nguo na mtu wa vyama vya wafanyakazi, shule akaiacha ana miaka 16 akakimbilia mambo ya tamthilia. Kati ya 1932 na 1947 aliandika sinema zaidi ya 40, zingine peke yake zingine na wenzake, za vita, za vichekesho, za kutisha, chochote alichoambiwa na kampuni aandike aliandika. Alikuwa mtu wa kazi, si lazima kila filamu iwe kubwa. Mie hio yanipendeza zaidi kuliko wale waandishi wa kusubiri pepo la ushairi liwapande.

Mwaka 1933, wakati uchumi wa Marekani uko chini, kampuni za filamu zikatangaza kukata mishahara nusu. Waandishi wakakasirika wakaunda chama chao, na Cole alikuwa mmoja wa walioanzisha. Chama kile kilikuwa na mambo mengi ya pesa ndani yake lakini kubwa lingine lilikuwa hili hili la majina. Manake zamani produsa ndie alieamua nani atajwe kwenye skrini, akitaka amtaje shemejiye alieleta sandwichi, na wewe ulieandika toka mwanzo hadi mwisho ukae kando. Walipigana miaka mpaka chama kikapata haki ya kuamua wenyewe nani aliandika nini. Weka hio akilini.

Oktoba 1947 ikaja kamati ya Bunge la Marekani ya kuwasaka Wakomunisti, wakawaita watu wa Hollywood Washington wahojiwe. Swali la kwanza kwa waandishi lilikuwa, wewe ni mwanachama wa chama cha waandishi? Lile la pili lilikuwa, wewe ni mwanachama wa Chama cha Kikomunisti ama uliwahi kuwa? Kumi wakakataa kujibu vile kamati ilivotaka. Wakasema kamati haina haki ya kuuliza mtu mambo ya imani yake. Cole alikuwa Mkomunisti kweli, hakuna haja ya kupaka rangi hapa. Lakini hakukuwa na sheria iliosema Mkomunisti asiandike sinema, na kosa waliloshtakiwa si ukomunisti, ni kudharau Bunge.

Mwezi uliofuata wakubwa wa kampuni wakakutana hoteli ya Waldorf-Astoria kule New York, wakatoka na tangazo kwamba hawa kumi hawatapewa kazi tena mpaka wajisafishe, yaani waape kwamba si Wakomunisti. Cole alikuwa na mkataba na kampuni ya filamu ya MGM. Akasimamishwa, akashtaki, akashinda mbele ya baraza la wazee wa mahakama, alafu mahakama ya rufaa ikaugeuza ushindi wake mwaka 1950. Mwaka huo huo akapelekwa jela na hukumu ya mwaka mmoja.

Hapa nataka nikae kidogo Mhariri, manake hapa hadithi yenyewe inakolea kuliko skripti yoyote.

Jela aliopelekwa ni ya Danbury, Connecticut, yeye na mwenzake Ring Lardner Jr. Kufika wakamkuta nani? Wakamkuta J. Parnell Thomas, mwenyekiti wa kamati ileile iliowahoji, yule aliekuwa akigonga nyundo mezani kuwanyamazisha. Kafanya nini? Wafanyakazi hewa! Wallahi si mimi nimetunga. Alikuwa ameandikisha watu ofisini kwake Bungeni ambao hawafanyi kazi, mishahara yao ikitoka yaingia mfukoni mwake. Akashikwa, akafungwa, akapewa kazi ya kutunza kuku wa jela.

Cole mwenyewe alihadithia kwenye kitabu cha maisha yake alichokitoa 1981. Siku moja alikuwa akifyeka nyasi kwa mundu karibu na banda la kuku, na Thomas yuko ndani ya ua akikwangua uchafu. Thomas akamtania kwamba mundu anao bado, je nyundo iko wapi, manake bendera ya Warusi ilikuwa na mundu na nyundo. Cole akamjibu kwamba naye amwona yuko kwenye kazi ileile aliokuwa akiifanya Bungeni, kuokota mavi ya kuku. Neno hilo utaliacha ama utalichuja, ni gazeti lako. Nilipomhadithia ami aliniomba nirudie mara tatu, na kesho yake nikasikia anawahadithia wazee wenzake msikitini nje, na ameshaongeza jogoo.

Alipotoka jela hakuna kampuni iliomtaka. Akafanya vibarua vya kujitafutia riziki, na skripti akaziuza kwa majina ya uongo ama kwa kupitia marafiki waliokubali kuweka majina yao mbele. Na hakuwa peke yake. Soko zima la majina hewa lilifunguka, na kati ya wanunuzi walikuwemo walewale wakubwa waliotoa tangazo pale hotelini, sasa wanunua bei ya chini kitu ambacho jana walikilipia vizuri. Dalton Trumbo, mmoja wa wale kumi, aliandika Roman Holiday, Oscar yake ikaenda kwa rafikiye Ian McLellan Hunter aliekuwa ameweka jina tu, alafu Hunter naye baadae akapigwa marufuku, kwa hio hata jina la kuazima likaisha. Mwaka 1957 Oscar nyingine ikatangazwa kwa Robert Rich, watu wakageuka kumtafuta ukumbini, hayuko, ni Trumbo tena huyo kajificha. Na ile The Bridge on the River Kwai, ilioandikwa na Carl Foreman na Michael Wilson ambao wote walikuwa wamefungiwa, Oscar ya skripti ikapewa Mfaransa Pierre Boulle alietunga riwaya yake, kwa Kifaransa, na filamu ni ya Kiingereza.

Kwenye televisheni ndo kabisa. Lardner na huyo Hunter waliandika ile The Adventures of Robin Hood iliopigwa Uingereza kuanzia 1955, sehemu 143 kwa jumla na waandishi wengi waliofungiwa walipita humo, majina wakiyabadilisha kama mtu abadilishavo shati. Hannah Weinstein ndie aliekuwa produsa, mama mmoja Mmarekani aliehamia London, na aliwapa kazi akijua kabisa ni kina nani. Vipindi vikawa vinauzwa hadi Marekani, watoto wa Marekani wanakaa chini wanatazama hadithi za mtu anaewindwa na wakubwa na wasaliti wamemzunguka, zimeandikwa na watu ambao serikali yao haikutaka waandike hata tangazo la sabuni. Lardner alikuja kupata Oscar tena kwa jina lake mwenyewe, kwa M*A*S*H ya 1970. Cole hakuwa na bahati hio.

Na kile chama alichokianzisha? Mwanzoni mwa miaka ya 1950 chama hichohicho kiliwakubalia wakubwa wafute jina la mwandishi yeyote aliekataa kujisafisha mbele ya kamati. Hapa ndo roho huniuma. Adui akikufuta jina si ajabu, lakini daftari uliloshona wewe mwenyewe kwa mkono wako?

Turudi kwa Elsa. Miaka ya sitini Cole alikuwa London, na Foreman pia alikuwa huko ameshajisimamisha upya, na ni Foreman huyu aliekuwa nyuma ya kutengenezwa kwa Born Free. Ndo nasema hii sinema tunayoiita ya kwetu, mlima wetu, nyika yetu, simba wetu, ndani yake imejaa watu waliofukuzwa kwao. Kuna watu hupenda kusema, ah, mtu aliefungwa jela akaandika sinema ya mnyama anaefunguliwa, tazama maana yake. Mie sitaki kuivuta sana hio. Nafikiri alitaka kulipwa. Hadithi ilikuwa ya Joy tayari, watoto watatu wa simba, wawili wakapelekwa zoo ya Rotterdam, mmoja akabaki na akafunzwa kuwinda ili arudi porini. Kazi ya Cole ilikuwa kuamua nini kionekane lini, na nini kisisemwe. Jaribu wewe kuandika sinema ambayo nyota wake hasemi na hasomi skripti, na akikasirika hakuna wa kumwambia rudia. Kila ukurasa lazima uwe na njia ya kutokea kama simba akiamua leo halali pale alipoandikiwa alale. Ami anayoikumbuka zaidi ni ile Elsa yuko pwani anacheza na mawimbi. Kwenye kitabu, pwani hio ni ya huku kwetu, Kiunga, kule juu mpakani na Somalia, kijiji cha wavuvi. Wapwani tuliwahi kutembelewa na Elsa na hatujidai, ajabu.

Sasa utauliza huyu mama wa Kibokoni yamhusu nini mambo ya Hollywood. Yanihusu.

Ramadhani ya mwaka juzi kuna mchezo wa TV ulikuwa ukitoka baada ya tarawehe, mara tatu kwa wiki, sitautaja wala stesheni sitaitaja. Ulipendwa. Ule mchezo niliuandika mie, sehemu zote 12, usiku watoto wakilala, kwa simu hii hii kwa sababu laptopu ilikuwa imekufa skrini. Elfu tatu kwa kila sehemu, zaja kwa M-Pesa, mara zingine zaja nusu. Yule mama mkwe aliewachekesha watu, anaesema mkono mtupu haulambwi huku anafunga kabati la sukari kwa kufuli, ni maneno ya mamangu na kufuli ni la mamangu.

Siku ya kwanza mamangu alikuwa ameshatangazia mtaa mzima. Sebule ilijaa, wengine wakakaa mlangoni, kaimati na sambusa zapita, kila mtu anaambiwa nyamaza nyamaza. Mchezo ukaisha, watu wakacheka pale nilipotaka wacheke, alafu majina yakaanza kupanda. Mamangu akavaa miwani, akasogea mpaka pua karibu iguse kioo. Wakapita waigizaji, akapita kamera, akapita wa taa, dereva, alietengeza nywele, shukrani kwa mwenye nyumba, shukrani kwa mama aliepika biriani ya watu wa kazi. Skripti, akatajwa kijana mmoja mpwa wa produsa ambae kazi yake ilikuwa kunipigia simu kuniuliza imefika wapi. Kimya. Mamangu akageuka akasema, "Labda limepita haraka." Hakuna aliejibu. Kesho yake alfajiri nikamkuta kamuomba mjukuu amfungulie kwenye YouTube, anasimamisha, anasogeza, anasimamisha.

Nilimpigia produsa. Akaniambia, "Dada yangu, majina yakizidi watu hubadilisha stesheni." Dereva hakuzidi, biriani haikuzidi, mie ndo nikazidi. Sheria twayo, Sheria ya Hakimiliki ya 2001 kifungu cha 32 yasema mtunzi ana haki ya kutambuliwa kuwa ndie mtunzi, na haki hio yabaki nae hata kama pesa ashalipwa. Lakini mkataba wetu ulikuwa ni sauti za WhatsApp, na sijui ni wakili gani atanisikiliza kwa kesi ya elfu thelathini na sita.

Kwa hio ombi langu kwenu ni dogo sana. Mkiandika habari za filamu ama mchezo, wa zamani ama wa sasa, tieni na jina la mwandishi. Mkiwa hamlijui piga simu uliza, produsa akisikia gazeti lauliza nani aliandika atalazimika kuwa na jibu. Hata Sauti ya Mvita ile ya zamani hapa Mombasa, wazee bado wakumbuka sauti za watangazaji na nyimbo, waulize nani alikuwa akiandika ile michezo ya redio uone watakavyokutazama. Na ile makala yenu ya Jumamosi irekebisheni, mstari mmoja watosha: skripti ya Born Free iliandikwa na Lester Cole, aliefariki San Francisco Agosti 1985 baada ya kumalizia uzee wake akiwafunza vijana kuandika sinema pale chuo kikuu cha California, Berkeley. Trumbo jina lake lilirudishwa rasmi kwenye Roman Holiday mwaka 2011, miaka 58 baada ya sinema kutoka na 35 baada ya yeye kufa. Kwenu nyinyi ni wiki moja tu.

Jina langu kamili na namba ya simu nimeandika nyuma ya bahasha, lakini naomba usilichape. Produsa alinipigia juzi, Ramadhani yaja, ataka sehemu 15 safari hii na amesema ataongeza mia tano, na nimeshamkubalia manake karo haingoji. Nimemuuliza habari ya jina akasema tutaona. Ami akasikia hayo akanitazama vile alivokuwa akinitazama nikiwa mdogo nikivunja kikombe, hakusema kitu.

Kwa hio chini andika tu msomaji wa Kibokoni. Ila kama nafasi ipo, tia zile herufi zangu mbili hapo katikati.

Msomaji R.S. wa Kibokoni,
Mombasa